Ukiwa wa Pwani kwa Msomaji wa Shianda

Mwanafunzi asomaye Shianda, katika nchi ya Wawanga, hana bahari. Ana mashamba ya miwa, ana njia iendayo Mumias na njia iendayo Kakamega, ana mvua ya alasiri inyeshayo kwa miezi yake. Lakini maji ya chumvi yako mbali naye kwa kilomita 800 na zaidi. Apewapo kitabu cha mshairi wa Lamu au cha mwandishi wa Unguja, aghalabu hukifungua kama mgeni abishaye hodi katika nyumba asiyozijua desturi zake. Hukutana na tanga, na demani, na matumbawe, na maneno mengine mfano wa hayo. Huandika maana ya kila neno pembeni mwa ukurasa, hukariri, hufanya mtihani, kisha hukifunga kitabu akiamini ya kuwa majonzi yaliyomo humo ni mali ya watu wengine.

Insha hii yataka kukushawishi, msomaji, kwamba imani hiyo si sahihi na kwamba ina hasara kubwa. Kiswahili ni lugha yako kwa kuzaliwa au kwa kufundishwa, na sehemu kongwe ya fasihi yake ilitungwa pwani. Mtu akiiachia pwani sehemu hiyo, amekubali kurithi nyumba na kuukataa msingi wake. Sitajaribu kuzungumza juu ya fasihi yote ya pwani, maana kazi hiyo ingehitaji kitabu kizima na mwandishi mwenye subira kuliko yangu. Nimechagua jambo moja tu, nalo ni ukiwa wa kila siku, pamoja na shauku iufuatayo.

Tuyatazame maneno yenyewe kwanza. Upweke ni hali ya kuwa peke yako. Mtu aweza kuwa mpweke saa nzima, akaifurahia saa hiyo, kisha akarudi kwa wenziwe. Ukiwa ni kitu kingine. Mkiwa ni mtu aliyeondokewa: alikuwa na wake, sasa hanao. Tena lugha yetu hulitumia neno hilo hilo kwa nyumba na kwa mji uliohamwa, kana kwamba ukuta nao waweza kufiwa. Neno la pili ni hamu. Leo twasema hamu ya kula au hamu ya kusafiri, lakini katika Kiswahili cha zamani hamu ilikuwa na maana ya huzuni vilevile, na kamusi za kale zaonyesha maana hizo mbili zikilala kitanda kimoja. Waliotangulia kuisema lugha hii hawakuona haja ya kutenga kutamani na kuhuzunika. Amtamaniye aliye mbali amekwisha kuhuzunika.

Kwa nini watu wa pwani waliyajua mambo haya vizuri namna hiyo? Sababu moja ni upepo. Kaskazi huvuma tangu Desemba hivi mpaka Machi, na kwa upepo huo majahazi yalikuja kutoka Arabuni, Ghuba ya Uajemi na Bara Hindi. Kusi huanza kushika nguvu baada ya Aprili, na kwa upepo huo majahazi yalirudi makwao. Kati ya pepo hizo mbili ni maleleji, wakati ambapo hewa hugeuka huku na huku na nahodha mwenye akili hutulia bandarini. Hapana mtu aliyeweza kuupinga utaratibu huo. Mke wa Lamu aliyemuona mumewe akiondoka na kusi alijua ya kuwa hata kama angempenda namna gani, hangeweza kurudi kabla ya kaskazi. Shauku yake, basi, ilikuwa na kalenda. Machi ikipita na chombo hakijaonekana, alijua kwamba hesabu ya kwanza imekwisha, naye hana budi kuanza ya pili.

Sasa niambie, msomaji, kama jambo hilo ni geni Shianda. Reli kutoka Kisumu ilifika Butere mwanzoni mwa miaka ya 1930, na wanaume wengi wa nchi hii walipanda gari la moshi kwenda kutafuta kazi Nairobi, Mombasa, na katika mashamba makubwa ya walowezi. Mke aliyebaki alilima, akalea, akajibu maswali ya watoto, akahesabu miezi. Hesabu yake ilikwisha Desemba, kwa kuwa ndio mwezi ambao mwenye kazi ya mbali hupata ruhusa ya kurudi kwao. Na hata leo mabasi ya Desemba hufika Mumias yakiwa yamejaa watu na mizigo. Nakuomba utulie kidogo hapo. Mwezi ule ule ambao pwani huanza kutazama upeo wa bahari kwa sababu ya kaskazi, ndio mwezi ambao Shianda hutazama njia. Wahenga walisema kwamba maji ya kifuu ni bahari ya chungu. Kila nchi ina kifuu chake.

Fauka ya hayo, bahari ilipata kutuma watu wake hapa kwa miguu. Katika karne ya 19 misafara ya Waswahili na Waarabu iliyokwenda Buganda ilipumzika katika mji wa watawala wa Wanga, ambao sasa huitwa Mumias. Ilikuja kutafuta pembe za ndovu na, kwa aibu isiyofutika, watumwa pia. Joseph Thomson, Mskoti, alipita hapo mwaka 1883, na Askofu James Hannington alipita mwaka 1885, muda mfupi kabla ya kuuawa Busoga. Na wote wawili walikuwa na wapagazi waliotoka pwani. Nabongo Mumia, aliyetawala tangu mwaka 1882 hata kufa kwake mwaka 1949, aliwakaribisha wageni hao, na Uislamu uliingia katika nchi yake kwa njia hiyo. Wako waliokuja kwa nia ya kukaa mwezi mmoja wakakaa umri mzima. Yamkini palikuwa na mama katika Mji wa Kale wa Mombasa aliyemngoja mwanawe msimu baada ya msimu, na huku mwanawe amekwisha kujenga nyumba na kuoa karibu na mto Nzoia. Hakuna jahazi lililomchukua mwana huyo, lakini ukiwa wa mama ni ule ule.

Wala sauti ya Kiswahili haikuwa ngeni katika nchi hii. George Mukabi wa Kisa, upande wa Butere, aliyefariki mwaka 1963, alipiga gitaa kwa mtindo uitwao omutibo, na mwenziwe akagonga chupa ya soda kufuatisha mdundo. Nyimbo zake kadhaa aliziimba kwa Kiswahili, na mojawapo iliyopendwa sana, Sengula Nakupenda, ni wimbo wa mapenzi. Zisikilize, kisha uamue mwenyewe kama mapenzi yakitajwa kwa Kiswahili yalazimika kunuka chumvi.

Nimesema hayo yote ili nikupe kipimo cha kusomea. Nacho ni hiki: usomapo maandishi ya majonzi kutoka pwani, usiyatazame mawimbi kwanza. Tazama vyombo vya nyumbani. Mwandishi dhaifu, awe wa pwani au wa bara, hujaza ukurasa kwa machweo ya jua na ufuo mweupe akidhani kwamba mandhari yatahuzunika badala yake. Nimesoma insha nyingi za wanafunzi za namna hiyo, na baadhi ya vitabu vilivyopigwa chapa pia. Mwandishi hodari hutuonyesha kiti kisichokaliwa, na hatuhitaji kuambiwa zaidi.

Tukijaribishe kipimo hicho kwa Al-Inkishafi, utungo wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, uliotungwa mwanzoni mwa karne ya 19 baada ya fahari ya Pate kuanguka. Bahari imo ndani ya utungo huo, na imo kwa mfano ulio maarufu: ulimwengu hufananishwa na bahari ya tufani yenye miamba, na mwenye kuipanda hupata hasara. Ubeti huo ni mzuri, na watahini huupenda kwa sababu ni rahisi kuuliza swali juu yake. Lakini kwa maoni yangu moyo wa msomaji haukatiki hapo. Hukatika mshairi atuingizapo ndani ya majumba. Katika nyumba za mawe za Pate na Lamu palikuwa na vidaka, yaani vishubaka vilivyojengwa safu kwa safu katika ukuta wa chokaa, na humo ziliwekwa sahani za kauri zilizotoka Uchina. Mshairi atuonyesha vidaka hivyo baada ya wenyewe kuondoka. Mahali pa sahani pamelala makinda ya ndege. Bundi analia ndani. Mende na nyenje wameshika vyumba ambavyo wageni walikaribishwa. Hapo ndipo neno ukiwa lipatapo maana zake mbili kwa pamoja, ya mtu na ya nyumba. Na msomaji wa Shianda aliyewahi kupita mbele ya boma lililohamwa, akaona mti umeota palipokuwa mlango, hahitaji kamusi.

Utenzi wa Mwana Kupona wahitaji subira zaidi, maana umesomwa vibaya kwa muda mrefu. Mwana Kupona binti Mshamu aliutunga mwaka 1858 kwa ajili ya binti yake, Mwana Hashima. Mumewe, Bwana Mataka, mtawala wa Siyu aliyempinga Sultani wa Unguja, alikuwa amefariki mwaka 1856. Mtungaji mwenyewe alikuwa mgonjwa, naye alikufa yapata mwaka 1860. Darasani utenzi huu hufundishwa kama orodha ya adabu za mke: amtii mumewe, ajipambe, aweke nyumba safi, asimwamshe mume alalapo. Wasichana wa leo hubishana nao, na wana haki ya kubishana. Mimi nami sioni sababu ya kumtetea mwanamke huyu kwa kila neno alilolisema.

Lakini rudi mwanzo wa utenzi. Mama mgonjwa anamwita mtoto aje karibu, aketi, alete karatasi na wino. Kabla ya wosia kuna mwito, na mwito huo ni wa mtu ambaye hataki kuwa peke yake. Kisha yazingatie mambo anayoyataja: manukato, maua, hina, upepeo wa kumpepea alalaye usingizi. Kwa binti, ambaye maisha ya ndoa yako mbele yake, mambo hayo ni mafunzo. Kwa mama ni kumbukumbu. Miaka miwili tu imepita tangu mkono wake mwenyewe ulipokoma kuushika upepeo ule, na sasa hana wa kumpepea. Anaeleza kwa makini jinsi nyumba ya mume na mke inavyoendeshwa kila siku, na nyumba hiyo yeye hanayo tena. Nadhani ndiyo sababu maelezo yake ni ya karibu sana na ya mwili sana kuliko maonyo ya kawaida ya wazee. Mwenye kusoma adabu peke yake hukutana na sheria. Mwenye kusikia ukiwa ulio chini ya adabu hukutana na mtu. Na bahari iko wapi? Mwana Kupona aliishi kisiwani maisha yake yote, walakini katika sehemu hizi bora za utenzi wake yeye hashughuliki nayo hata kidogo.

Hivyo ndivyo alivyofanya Shaaban Robert pia. Alizaliwa Vibambani, karibu na Tanga, mwaka 1909, akafanya kazi miaka mingi katika idara ya forodha huko Pangani, mahali ambapo kazi yenyewe ilikuwa kuangalia vyombo viingiavyo na vitokavyo. Kama yuko mtu aliyekuwa na ruhusa ya kuifanya bahari kuwa mfano wa kila msiba, ni yeye. Lakini alipofiwa na mkewe, akamtungia shairi liitwalo Amina, mfano alioushika ni wa ua, kitu kidogo ambacho hata mtoto wa Shianda hukiona kila asubuhi. Shairi hilo ni fupi. Wengi hulisifu kwa vina vyake, nami nalisifu zaidi kwa adabu yake, kwa kuwa mshairi amejizuia kulia mbele ya watu kupita kiasi, na kujizuia kwake ndiko kunakotuliza sisi.

Sasa nafika kwa mwandishi ambaye labda utashangaa kumkuta katika insha ya Kiswahili, maana huandika kwa Kiingereza. Abdulrazak Gurnah alizaliwa Unguja mwaka 1948, akaondoka akiwa kijana baada ya Mapinduzi ya mwaka 1964, akaishi Uingereza na kufundisha katika Chuo Kikuu cha Kent. Alipewa Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 2021, na mwaka uliofuata riwaya yake Paradise ilitoka kwa Kiswahili kwa jina la Peponi, iliyotafsiriwa na Ida Hadjivayanis. Riwaya ninayotaka kuizungumzia ni nyingine, By the Sea, ya mwaka 2001, ambayo jina lake kwetu lingekuwa Kando ya Bahari. Nimeichagua kwa sababu hapana kitabu nikijuacho kinachoeleza vizuri zaidi ukiwa wa siku ya kawaida, siku ambayo hapana msiba mpya, hapana barua, hapana mgeni.

Msimulizi wa kwanza ni mzee aitwaye Saleh Omar. Anashuka katika uwanja wa ndege wa Gatwick akiwa na hati ya kusafiria yenye jina la mtu mwingine, Rajab Shaaban Mahmud, na ameshauriwa asionyeshe kuwa anajua Kiingereza. Anaomba hifadhi. Afisa wa uhamiaji anampekua mizigo, na katika mizigo hiyo anakuta kisanduku cha udi. Anakichukua. Jambo hilo lachukua kurasa chache tu, na mwandishi hapigi kelele juu yake. Lakini kwa kipimo nilichokupa, hapo ndipo kitabu kinapoanza. Udi ule mzee aliupata zamani kwa mfanyabiashara wa Bahareni aliyekuja Unguja na upepo wa kaskazi. Jina lake ni ud-al-qamari, na kitabu chatueleza kwamba kamari hiyo haihusiani na mwezi, kama mjuzi wa Kiarabu awezavyo kudhani. Ni neno lililopotoka kutoka jina la Wakhmer wa Kambodia. Kwa hiyo ndani ya kisanduku kimoja kulikuwa na bahari nzima ya Hindi, pamoja na biashara yake, urafiki wake na hila zake. Mtu aliyezoea kufukiza udi katika chetezo siku ya Ijumaa ataelewa kwamba mzee hakuibiwa bidhaa. Aliondolewa harufu ya nyumba yake, na harufu ni kitu ambacho mtu hawezi kukieleza katika fomu ya serikali, hata kama angekubali kusema Kiingereza.

Baadaye mzee anapewa makao katika mji mdogo wa Uingereza ulio kando ya bahari. Ameishi kando ya bahari siku zake zote, na sasa tena yuko kando ya bahari. Ila ya kwanza ilikuwa ya joto, na hii ni baridi na ya kijivu. Mwandishi dhaifu angemketisha mzee ufuoni akilia na kuitazama njia ya kurudia kwao. Gurnah amfanya nini? Ampeleka kuzurura katika maduka ya samani. Mzee huyu zamani alikuwa muuza samani, mtu aliyejua kutambua mbao nzuri na kazi ya fundi hodari, na sasa hujiliwaza kwa kutembea kati ya viti na makabati ambayo hatayanunua. Sijui picha ya shauku iliyo kweli kuliko hiyo. Yeye haendi kuitazama nchi yake ng'ambo ya maji. Aenda kutazama meza.

Tena meza ina kisa chake. Msimulizi wa pili ni Latif Mahmud, mwalimu wa fasihi huko London, mwana wa yule Rajab Shaaban ambaye mzee amevaa jina lake. Jamaa za watu hawa wawili ziligombana zamani juu ya deni na nyumba, na katika ugomvi huo kulikuwa na meza ndogo ya mpingo. Latif alipokuwa kijana alitumwa kwenda kuiomba, akarudi mikono mitupu. Miaka mingi imepita, ameondoka kwao, amesoma Ujerumani ya Mashariki, amekuwa mtu wa vitabu; wazazi amewaacha, kaka yake aliondoka na yule mfanyabiashara wa Bahareni. Ila meza ile bado iko mbele ya macho yake. Watu wawili wasio na mtu mwingine wa kuzungumza naye kwa undani katika nchi nzima wanaketi katika chumba kidogo, mmoja mzee na mmoja wa makamo, na wanaanza kusahihishana kumbukumbu. Kila mmoja alikuwa adui katika hadithi ya mwenziwe. Upweke wao ndio unaowalazimisha kusikilizana, na kurasa hizo nadhani ndizo bora kabisa katika kitabu, ingawa msomaji mwenye haraka huziona kuwa ndefu.

Sina budi pia kusema palipo na kasoro, maana mhakiki asifuye tu ni mpiga debe. Kwamba katika Uingereza nzima mkalimani anayetafutwa kwa ajili ya mzee awe ndiye mwana wa mwenye jina lile, hiyo ni sadfa kubwa. Watetezi wa kitabu husema kwamba watu wa mji mdogo wakitawanyika, hukutana mahali popote, kama Wawanga wawili wakutanavyo Mombasa na kugundua kwamba ni watoto wa shangazi mmoja. Utetezi huo naukubali nusu. Hukutana, naam, lakini mara chache hukutana kwa wakati ule ule ambao msanii awahitaji.

Kasoro ya pili ni nzito zaidi, na msomaji wa Shianda ana uwezo wa kuiona pengine kuliko mhakiki wa London. Saleh Omar alikuwa na mke, Salha, na binti mdogo, Ruqiya. Kisha akatiwa gerezani kwa miaka mingi, na katika miaka hiyo wote wawili walikufa. Mauti hayo twaambiwa kwa maneno machache, nayo yauma kwa ufupi wake. Naelewa sababu ya ufupi huo: mzee hana nguvu ya kusema zaidi, na Gurnah ni mwandishi anayeheshimu kunyamaza kwa watu wake. Hata hivyo yafikiri maisha ya Salha tangu siku mumewe alipochukuliwa. Hakuwa na upepo wa kuhesabu. Kusi ilivuma na kaskazi ikavuma, na hapana msimu uliomleta mtu kutoka gerezani. Mke wa baharia alikuwa na kalenda, mke wa mpanda reli wa Butere alikuwa na Desemba. Salha hakuwa na chochote cha kuhesabia isipokuwa kukua kwa mtoto. Ukiwa wake ndio ulio mkubwa kuliko wa wote katika kitabu, naye ndiye anayepewa nafasi ndogo.

Kitabu kina wasimulizi wawili, nao wote ni wanaume walioondoka. Aliyebaki nyumbani hakupewa sura yake. Wewe ambaye labda umemuona nyanya yako akifunika chakula cha mtu aliyechelewa miaka, unajua kwamba sura hiyo ingeweza kuandikwa, na unajua vyombo ambavyo vingeingia ndani yake. Miaka 143 kabla ya riwaya hii kutoka, mjane mmoja mgonjwa katika visiwa vya Lamu alikwisha kuagiza karatasi na wino.